Hemu ya kuoka yenye mpako wa matunda: dalili, chanzo na namna ya kuinusuru

Anayeoka hemu kwa mpako wa matunda anapika vitu viwili ndani ya oveni moja. Cha kwanza ni nyama yenyewe, paja zito la nguruwe lililokolezwa chumvi, ambalo linataka moto wa wastani na muda mrefu ili joto lifike hadi karibu na mfupa bila kulikausha. Cha pili ni mpako, yaani maji ya tunda yaliyochemshwa na sukari, ambao unataka moto mkali kwa dakika chache tu. Mpako mweusi, mpako uliochuruzika, nyama kavu, nyama baridi katikati: sehemu kubwa ya haya hutokea kwa sababu vitu hivi viwili vimepewa moto mmoja na muda mmoja. Basi kila unapokutana na tatizo, jiulize kwanza limetoka upande upi, wa nyama au wa mpako. Jibu hilo litakuokolea muda mwingi.

Kabla ya yote, soma lebo

Hemu nyingi madukani zimeshapikwa, na kazi yako ni kuipasha moto na kuipaka. Nyingine zimekolezwa chumvi, pengine zikafukizwa moshi, lakini bado ni mbichi na lazima zipikwe mpaka ndani. Kwa macho zinaweza kufanana. Lebo ikiwa imepotea, ichukulie hemu hiyo kuwa mbichi.

Hizi ndizo nyuzi za kukumbuka, zote za Selsiasi, kwa mujibu wa Idara ya Kilimo ya Marekani. Hemu mbichi ifike 63 katikati, kisha ipumzike angalau dakika 3. Hemu iliyopikwa na kufungwa katika kiwanda kinachokaguliwa ipashwe hadi 60. Iliyopikwa mahali pengine, au iliyofunguliwa ikafungwa upya, ipashwe hadi 74. Oveni nayo isiwe chini ya 163. Nyuzi hizi hazisomwi kwa macho wala kwa kuchoma nyama na uma. Nunua kipimajoto cha nyama. Ni kifaa kidogo, na bila hicho nusu ya ushauri ulioko hapa chini utakuwa wa kubahatisha.

Mpako umeungua

Chanzo cha kwanza cha kushuku ni kupaka mapema. Sukari ya kawaida huanza kugeuka karameli karibu na nyuzi 160, lakini fruktosi, sukari iliyomo kwa wingi kwenye matunda na asali, huanza karibu na nyuzi 110. Tena asidi ya tunda inapochemka pamoja na sukari ya kawaida huivunja sehemu yake ikawa glukosi na fruktosi. Ndiyo maana mpako wa machungwa na asali hukimbilia weusi upesi kuliko sukari tupu. Ukiupaka mwanzoni ukauacha ndani kwa saa mbili, utaungua tu, hata oveni iwe nzuri namna gani.

Utaratibu ninaoutetea ni huu. Oka hemu ikiwa imefunikwa kwa karatasi ya foili, oveni ikiwa kwenye nyuzi 165. Kipimajoto kikionyesha kwamba katikati pamebaki nyuzi 8 hadi 10 kufikia lengo, funua, pandisha oveni hadi 200, kisha paka tabaka jembamba. Baada ya dakika 8 hadi 10 paka la pili, halafu la tatu. Katika dakika hizo 25 au 30, nyama inamalizia safari yake huku mpako unashika rangi, na vyote viwili vinafika pamoja. Tabaka tatu nyembamba hung'aa na kushika; tabaka moja nene hutiririka pembeni na kuungua kwenye trei.

Kama weusi uko upande mmoja tu, tatizo ni la oveni: nyingi zina kona yenye moto zaidi. Geuza trei kila unapopaka. Kama ni sehemu ya juu peke yake, shusha wavu hatua moja, au funika kilele kwa kipande kidogo cha foili na kuacha pembe zikiendelea.

Mpako umeshaungua? Onja kwanza kabla ya kuhukumu. Ncha za vipande vya mafuta zikiwa za kahawia iliyokolea sana, hapo ndipo penye utamu, ziache. Ukisikia uchungu unaobaki ulimini, kwangua sehemu nyeusi kwa mgongo wa kisu, pangusa kwa tishu ya jikoni iliyoloweshwa, paka mpako mpya mwembamba na urudishe ndani kwa dakika 5 hadi 8. Mchuzi wa kwenye trei ukiwa umeungua, umwage. Hakuna kiungo kitakachouondolea uchungu.

Wakati mwingine mpako ni mchungu ingawa haukuungua. Tafuta utando mweupe wa ganda la chungwa, ambao huenda ulikwanguliwa pamoja na ganda la juu, au hesabu karafuu. Karafuu moja kwenye kila makutano ya mistari iliyochanjwa kwenye mafuta inapendeza kwenye picha, lakini kwa hemu ndogo huifunika ladha ya tunda kabisa. Chache tu, zilizotawanywa, zinatosha.

Mpako haushiki, unachuruzika hadi kwenye trei

Hapa vyanzo ni vingi, na mara nyingi viwili au vitatu hukutana.

Anza na sufuria. Kwa hemu ya kilo 4 napendelea mililita 250 za maji ya tunda, gramu 200 za sukari ya kahawia, vijiko vikubwa viwili vya haradali na viwili vya siki, vikachemka taratibu mpaka vipungue karibu nusu. Chovya kijiko, kigeuze, kisha pitisha kidole mgongoni mwake. Mstari ukibaki wazi, na kingo zake hazikimbiliani, mpako uko tayari. Ukijifunga papo hapo, bado una maji, urudishe motoni. Kumbuka pia kwamba unapoa ukizidi uzito, kwa hiyo usiukaushe hadi uwe kama gundi ukiwa bado unatokota.

Kisha itazame nyama. Ngozi ngumu ya nje haishiki mpako hata kidogo, na haina ladha ya kuachwa kwa ajili yake. Ikiwa hemu yako imekuja na ngozi, iondoe kabla tu ya kupaka mara ya kwanza, wakati nyama ni ya moto: chomeka ncha ya kisu pembeni, ingiza vidole chini yake ukiwa umeshika taulo, na itavuka kwa urahisi. Bakiza mafuta ya unene wa karibu nusu sentimita. Mafuta hayo yachanjwe kwa mistari inayokatana, yenye nafasi ya sentimita 2 hadi 3, na kina cha milimita 3 hadi 5. Kisu kisifike kwenye nyama. Kikifika, majimaji ya nyama yatatokota kupitia mikato na kuusukuma mpako utoke, na utaona mistari imebaki mitupu wakati vipande vimeng'aa.

Cha tatu ni unyevu, na ndicho kinachosahaulika zaidi. Hemu iliyokaa chini ya foili hutoka ikiwa imelowa mvuke na mafuta. Mpako wa sukari hauwezi kushika hapo. Mwaga majimaji ya kwenye trei katika bakuli, futa juu ya nyama kwa tishu mpaka tishu itoke karibu kavu, na hapo ndipo upake. Hemu zilizoongezwa maji kiwandani, na lebo husema hivyo, huvuja muda wote. Hizi zipe dakika 10 za oveni wazi zikauke juu kabla ya brashi ya kwanza. Utando mwembamba wa haradali chini ya mpako husaidia sana, kwa kuwa haradali hukubaliana na mafuta na maji vilevile.

Wapo wanaotibu mpako mwepesi kwa kijiko cha wanga wa mahindi. Utashika kweli, lakini utapoteza mng'ao na kuacha ladha ya unga. Afadhali uchemshe dakika 5 zaidi. Kama tayari umechuruzika wote, haujapotea: kusanya kilichoko kwenye trei, engua mafuta, onja chumvi, chemsha mpaka uzito urudi, paka upya.

Mpako umepauka, hauna mng'ao

Mara nyingi oveni ni baridi kuliko namba yake inavyodai, au foili imechelewa kutolewa na mvuke umebaki. Pandisha hadi 220 kwa dakika 5, au tumia moto wa juu, yaani grili iliyo kwenye dari ya oveni, kwa dakika 2 hadi 4. Ukiwasha moto wa juu, usiondoke mlangoni. Kati ya rangi ya dhahabu na mkaa kuna muda mfupi mno. Mpako wa maji ya tunda yasiyo na sukari ya kutosha pia hupauka. Ongeza kijiko cha asali kwenye tabaka la mwisho, siyo la kwanza.

Mpako una chembechembe, au umeganda kama jamu

Chembechembe ni sukari ambayo haikuyeyuka, au iliyeyuka ikajirudia kwa sababu fuwele zilibaki kwenye kingo za sufuria. Ongeza vijiko viwili vya maji ya limau na upashe taratibu. Ulioganda kama jamu una pektini nyingi, yaani kile kitu cha kwenye tunda kinachogandisha jamu, jambo la kawaida kwa jamu ya aprikoti na mamaledi. Kijiko kimoja kimoja cha maji ya moto huulainisha.

Nyama ya juu imelainika, inakatika kama uji

Hili huwashangaza watu, na chanzo chake kwa kawaida ni nanasi bichi. Nanasi lina bromelaini, kimeng'enya kinachovunja protini. Vipande vibichi vikilazwa juu ya nyama tangu usiku, nyama iliyo chini yake hupoteza umbile: juu unapata utelezi, chini yake nyama ya kawaida. Papai lina papaini, ambayo huvumilia joto zaidi, na kiwi nayo ina kimeng'enya chake. Nanasi la kopo halina shida hii kwa sababu limeshapashwa moto wakati wa kufungwa. Kama unataka nanasi bichi, na ladha yake kweli ni bora, chemsha vipande pamoja na mpako kwa dakika kadhaa. Mchemko huiua bromelaini. Kisha viweke juu ya hemu dakika 20 za mwisho tu. Sehemu iliyokwisha kulainika haiwezi kurudishwa. Ikate nyembamba uitoe, paka upya, endelea.

Nyama imekauka

Hemu iliyopikwa tayari haihitaji kupikwa mara ya pili, na hapo ndipo makosa mengi yanapoanzia. Mtu anaipa muda wa nyama mbichi, kila nyuzi inayopita 60 inakamua maji zaidi, na mwishowe kipande kinatafunika kama pamba. Kwa oveni ya nyuzi 163, paja zima lenye mfupa lililopikwa tayari huchukua takriban dakika 33 hadi 40 kwa kila kilo. Nusu paja huchukua dakika 40 hadi 53, maana kipande kifupi na kinene hupokea joto kwa namna tofauti. Muda huo ni wa kupangia ratiba ya chakula tu. Anza kupima dakika 30 kabla ya mwisho wake, na uamini kipimajoto.

Hemu iliyokwisha kukatwa vipande kuzunguka mfupa ndiyo inayokauka upesi kuliko zote, kwa kuwa kila kipande ni mlango wa maji kutokea. Ilaze uso uliokatwa ukiangalia chini, mimina maji au juisi kina cha sentimita moja kwenye trei, na funga foili kwa kubana hadi kingoni. Usiiache wazi kwa zaidi ya dakika 15 za kupaka. Mpako nao utelezeshe kidogo katikati ya vipande kwa brashi, badala ya kuumwaga wote juu.

Nyama ikitoka, ipumzike dakika 15 hadi 20 kabla ya kisu. Joto la katikati huendelea kupanda nyuzi chache, na majimaji hutulia. Foili ya kupumzishia iwe imelegea kama paa, isiguse mpako. Ikibana, mvuke utaulainisha mpako ulioutaabikia.

Kwa iliyokwisha kukauka: ikate nyembamba sana, ukikata kuvuka nyuzi za nyama, ipange kwenye sahani ya moto, na mwagia mchuzi wa trei uliochanganywa na mpako uliobaki na maji kidogo. Haitakuwa sawa na ile iliyookwa vizuri, lakini italika kwa raha.

Nje tayari, katikati baridi

Ama hemu ilitoka friji moja kwa moja hadi kwenye oveni, ama haikuyeyuka barafu vizuri, ama kipimajoto kilidanganya. Barafu iyeyukie ndani ya friji, kiasi cha saa 24 kwa kila kilo 2 hadi 2.5, paja kubwa linataka siku mbili au tatu, na kuliyeyushia mezani ni kukaribisha bakteria. Likishayeyuka, saa moja nje ya friji kabla ya kuoka inasaidia joto kuingia sawasawa, ila isivuke mbili.

Kipimajoto kichomeke kwenye sehemu nene kuliko zote, ncha yake isiguse mfupa, kwani ikiugusa namba inayotokea si ya nyama. Pima sehemu mbili tatu na ufuate iliyo ndogo. Ukiwa na mashaka na kifaa chenyewe, kitumbukize kwenye glasi ya maji yaliyojaa barafu: kinapaswa kusoma 0.

Ikiwa mpako umeshaiva na ndani bado, tundika foili iliyolegea juu yake, shusha oveni hadi 165, na iache nyama ijimalizie. Usipandishe moto kwa haraka. Moto mkali utaumaliza mpako kabla haujafika katikati.

Chumvi imezidi

Hemu iliyokaushwa kwa chumvi bila maji ndiyo kali zaidi, na inahitaji kulowekwa kwenye maji baridi, ndani ya friji, kwa saa 4 hadi 12 au zaidi, ukibadilisha maji. Njia nzuri ya kujua kama umefika: kata kipande chembamba, kikaange kwenye kikaango bila kitu kingine, onja. Kikikufanya utafute maji ya kunywa, endelea kuloweka. Kwa hemu mbichi yenye chumvi ya wastani, unaweza kuichemsha kuanzia maji baridi, kuyamwaga yakianza kutokota, na kuanza upya.

Wengi hujaribu kufunika chumvi kwa kuongeza sukari kwenye mpako. Matokeo yake ni nyama yenye chumvi kali na utamu mkali kwa wakati mmoja. Asidi ndiyo inayosawazisha: siki, limau, au tunda chachu kama ukwaju na pasheni. Na usichemshe mchuzi wa trei upungue kabla ya kuuonja, maana chumvi haipungui pamoja na maji.

Ladha ya tunda iko juu tu

Hili si kosa lako. Mpako ni utando wa sukari, hauzami ndani ya kilo kadhaa za nyama kwa nusu saa. Tengeneza mpako mara moja na nusu ya kiasi unachohitaji, tenga theluthi kabla brashi haijagusa nyama, na uuandae mezani kama sosi. Ule ulioguswa na brashi ukitaka kuutumia, uchemshe kwanza.

Rangi zinazotia wasiwasi

Nyama ya waridi iliyofika nyuzi zake haina ubichi. Rangi hiyo inatokana na naitraiti inayotumika kukoleza, nayo hubaki hata ukipika saa ngapi. Mng'ao wa kijani na zambarau juu ya kipande kilichokatwa, unaobadilika ukikigeuza kwenye mwanga, ni mwanga unaotawanywa na nyuzi za nyama. Ila ukiona utelezi unaonata au kusikia harufu chachu, itupe.

Moshi ndani ya oveni

Ni sukari iliyodondoka kwenye trei kavu. Tandika foili, mimina maji kina cha sentimita moja, na ongeza yakikauka.

Mabaki: mpako umekuwa majimaji kesho yake

Sukari huvuta unyevu wa nyama ndani ya friji, na hilo halizuiliki. Toa nyama kwenye mfupa siku hiyohiyo, kabla haijakaa saa mbili nje, funga vipande vizuri na uvimalize katika siku 3 au 4. Kwenye friza vinakaa vizuri mwezi mmoja hadi miwili. Kuvipasha, vipange kwenye bakuli la oveni na kijiko cha maji ya tunda, funika, weka kwenye nyuzi 165, na vifike 74. Kwa anayetaka mng'ao urudi, vikishafika hapo funua, paka sosi uliyoitenga, na uvipe moto wa juu kwa dakika 2. Mfupa usiutupe: maharagwe yaliyochemshwa nao hayahitaji chumvi mpaka yawe yameiva na umeyaonja.